Baraka ya Mkono Mmoja

Tegeni masikio, wakubwa kwa wadogo, nanyi mpime kwa haki kama watu watakaopimwa.

Walikuwapo watatu wa nyumba moja. Nakundwa alijaliwa jicho: alipiga filamu za nchi na kumbukumbu zake, akazitandaza vyumbani hata mtazamaji akaingia ndani ya picha kama aingiaye hekaluni. Elineema, mdogo wake, alijaliwa mikono, alikuwa mwashi. Niseri, mke wa Elineema, alijaliwa sikio, na neno alilolisikia utotoni halikumpotea.

Mama yao, Naelijwa, alihamishiwa mlimani bonde lao lilipofunikwa na maji ya bwawa la umeme. Kiharusi kikampoozesha mkono wa kushoto. Usahaulifu ukamnyang'anya watoto wake, jina kwa jina. Kutwa alisema, "Nirudisheni nyumbani," kama mateka wale waliolia kando ya mito ya ugeni.

Nakundwa alikuwa na jeraha lake. Alikwenda kusomea sanaa mama akimkataza, akaondoka bila kuwekewa mkono wa baraka kichwani. Wageni walizisifu kazi zake, na hakuna sifa iliyokaa moyoni.

Basi akarudi kwa mama, akatoa filamu aliyoipiga kabla bwawa halijafungwa, akaionyesha juu ya shuka ukutani. Migomba ikayumba, moshi ukapanda juu ya paa la mama.

"Pazuri," mama akasema. "Ni kwa nani?"

"Dada, umeleta sinema," akanena Elineema. "Mama ameomba nyumba."

Basi Elineema, ukame uliporudisha maji nyuma, akashuka topeni, akayabeba mgongoni mafiga ya mama na mawe ya ukuta wake, akajenga jiko mbele ya ile shuka, filamu ikionyeshwa tena. Mama akayapapasa, akageuka huku na huku.

"Nyumba hii haina watu," akasema, akalia.

Basi Niseri, aliyekulia jirani yao kule bondeni, akakumbuka maneno ya asubuhi, aliyotumwa nayo utotoni mlangoni pa mama. Alikwisha kuyasema mara nyingi kando ya kitanda cha mkwewe, asijibiwe.

"Wifi, mmejenga nyumba mkasahau jirani," akasema. Akashika kigae cha kubebea moto, akatoka, akabisha. "Hodi. Mama, kwetu umezimika. Naomba moto."

Mama akainua uso. Ukutani moshi wake ulipanda. Chini ya kiganja chake jiwe lilikuwa lake.

"Moto upo, mwanangu. Ingia, ila usiniachie mlango wazi kama jana."

Kisha akawatazama, akawataja wote kwa majina. Akainua mkono wa kuume.

"Aliyenirudisha na aje, nimbariki kabla sijapotea tena. Nguvu niliyo nayo ni ya kichwa kimoja."

Nakundwa akageuka. Ndipo akaiona mikono ya mdogo wake, iliyomwogesha mama miaka yote ambayo yeye hakuwapo. Akamwona Niseri mlangoni na kigae kitupu, ambaye tangu aolewe hakuwahi kuitwa mwanangu ila leo.

"Nenda, dada," Elineema akanong'ona.

Nakundwa akamkumbuka yule mzee kipofu wa kale, aliyembariki mwana mmoja, na mwingine akalia kwa uchungu mkuu. Hakusogea.

Picha peke yake ilishindwa. Jiwe halikutosha. Neno nalo, bila hivyo viwili, lilikuwa limeanguka chini. Mkono ungali hewani, na macho ya mama yameanza kufifia. Ninyi mliozaliwa na mwanamke, semeni upesi: nani apige magoti?