Helvi na Kicheko cha Watu

Usiipite hii haraka. Huenda kuna unayemjua anayeihitaji leo.

Huko Ufini, katika mji wa Turku, aliishi mwigizaji aitwaye Helvi Rautala. Ujanani alisifika jukwaani kwa kuigiza majonzi. Kisha akaitwa kwenye filamu ya kuchekesha, akacheza mama mkwe mkorofi anayemkimbiza mkwewe kwa mwiko. Nchi nzima ikacheka mpaka machozi.

Balaa likaanzia hapo. Filamu baada ya filamu, mama mkwe. Akiingia dukani, watu walishika mbavu kabla hajasema anataka nini. Hata alipofiwa na mumewe, jirani aliyekuja kumpa pole alimtazama usoni, akabanwa na kicheko, akakimbilia nje. Helvi alichoka, akachoka tena.

Miaka ikapita. Mwongozaji kijana, Tauno, akampa nafasi jukwaani: mama anayemngoja mwanawe arudi kutoka vitani, mpaka anapoletewa habari kwamba ameuawa. Helvi aliishika nafasi ile kwa mikono miwili.

Karibu na uzinduzi wa mchezo huo wakaalikwa watu wachache kutazama mazoezi. Helvi akaingia na nguo zake nyeusi, kichwa ameinamisha. Ukumbi ukaangua kicheko. Hata kinywa alikuwa hajafungua.

Nyuma ya pazia, Tauno alimweleza kwa upole kwamba itabidi atafutwe mwingine.

"Kosa si lako, Bi Helvi. Ni uso wako. Watu wameuzoea vingine."

Helvi alivua kitambaa cha kichwani, akakibwaga kitini, akashika njia. Uso angeupeleka wapi? Hakuwa na mwingine. Alipofika mlangoni akasimama.

"Niachie onyesho la kwanza tu," akasema. "Kama tatizo ni uso, hawatauona."

Siku ya uzinduzi, pazia lilipofunguka, watu walimwona mwanamke ameketi dirishani, amewapa mgongo. Hawakumjua. Akazungumza na mwanawe kana kwamba yuko njiani anakuja, kwa sauti ya chini ambayo filamu hazikuwahi kuitaka kwake. Habari ya kifo ilipofika, hakupiga yowe. Mabega yalimshuka, basi. Ukumbini watu wakaanza kutafuta leso.

Ndipo akageuka.

Wote wakamtambua. Hakucheka hata mmoja.

Onyesho lilipokwisha, Tauno alimngoja pembeni, macho mekundu, hajui aanzie wapi kuomba radhi. Helvi hakumngoja aanze.

"Kesho," akamwambia, "nitaingia kwa uso."

Akaingia kwa uso. Na watu wakalia.

Funzo: Watu wakishakubandika jina, usijichoshe kubishana nalo. Wape kwanza kazi yako waionje. Jina watalibadilisha wenyewe.