Jina la Kuandikwa kwenye Kirikuu cha Mama Hoza

Hapo zamani, si za kale sana, maana simu za tochi zilishafika, kule milimani kwetu Mama Hoza alikuwa na kirikuu, kigari kile kidogo cha mizigo. Kilimbebea kabichi zake mpaka sokoni, na kwa hizo kabichi akawalea watoto wa marehemu dada yake.

Siku moja kikakamatwa, kikafungiwa kituoni. Kosa? "Uchunguzi unaendelea," akasema mkuu wa kituo, bwana mmoja wa kitambi na manukato. Mama Hoza akienda asubuhi, uchunguzi unaendelea. Akienda jioni, uchunguzi unaendelea. Kabichi zikaoza mpaka kuku wakazisusa.

Akaapa mbele ya watu: "Atakayenirudishia gari langu, naandika jina lake juu ya kioo cha mbele, hata liwe jina baya!" Na kwetu jina la kwenye gari si mchezo, jamani. Linapanda kila kilima, watoto wanalishangilia. Ila pale juu ya kioo panaenea jina moja tu.

Akaja wakili Mbonea, suti imempwaya. Akaenda mahakamani. "Mheshimiwa hakimu, gari halina shtaka, mwenyewe hana shtaka. Limefungiwa kwa sheria ipi?"

Mkuu wa kituo akajibu, "Tulipata taarifa ya siri. Linabeba magendo."

Taarifa ya nani? Hasemi. Hakimu akaanza kusitasita.

Hapo akainuka Siwatu, muuza vitumbua wa mbele ya kituo. Mdomo wa huyo hata mimi nauogopa!

"Hiyo taarifa ya siri ni mimi," akasema. "Askari walikuwa wanakunywa chai, nikawatania kwamba Mama Hoza kanenepa ghafla, labda ndani ya kabichi mna magendo. Basi! Hakuna aliyerudi kuniuliza. Ila gari nimeliona kwa macho yangu, likimbebea mkuu majani ya ng'ombe wake."

Watu wakaangua kicheko. Hakimu hakucheka. Akasema gari limeshikiliwa kinyume cha sheria, liachiwe leo leo.

Mkuu akawahi kupiga simu kituoni. "Masalu! Lipeleke kwangu ukalifiche. Wakija, sema limeibwa."

Masalu, askari wa getini, akafungua geti, akalipeleka moja kwa moja kwa Mama Hoza, na sare zake mwilini. Kesho yake hakuwa askari tena.

Sasa mchoraji kashika brashi, na wote watatu wamefika.

"Bila mimi, hata kesi isingekuwepo," akasema wakili.

"Bila mimi ungeshindwa, mwanangu, na suti yako hiyo," akasema Siwatu.

"Bila wewe, mama, gari lisingekamatwa!"

"Kwani kufuli nilifunga mimi?"

Masalu akakohoa. "Mama Hoza, hukumu ya hakimu ni maneno. Gari nimelileta mimi, na kazi sina."

Siwatu akamgeukia. "Na lilipokuwa linakwenda kubeba majani, geti alifungua nani?"

Mama Hoza akamtazama mmoja, akamtazama mwingine. Rangi inaanza kukauka kwenye brashi, na kiapo ni kiapo.

Haya, nyie mliojaa barazani kwangu mnanimalizia kahawa: mchoraji aandike jina la nani? Je, nani alistahili?