Karani Korongo na Ungo wa Bi Somoe

Paukwa!

Pakawa!

Basi sogeeni, na mwenye kikohozi akohoe sasa.

Hapo zamani za kale, wanyama walipokuwa bado na ofisi, Mfalme Simba alitoa amri: kila ujuzi uandikwe kitabuni. Asiyeweza kueleza kazi yake kwa maneno, asiifanye tena.

Karani wake, Korongo, akafika kwa Bi Somoe, mjane aliyewapepetea watu mchele ili naye apewe wa kupika. Hakuwa na kazi nyingine.

"Shikamoo, bibi. Unapepetaje?"

"Marahaba, mwanangu. Narusha, nadaka."

Korongo akaandika. Kisha akashika ungo ajaribu alichoandika, maana ndiyo sheria. Akarusha. Mchele wote ukamwagika, naye akafuta alichoandika. Kuku wakaisifu sana serikali.

Siku ya pili akarudi. "Unapepetaje?"

"Narusha kidogo, navuta kidogo."

"Kidogo ni kiasi gani?"

"Mpaka mkono ukwambie."

"Mkono wa nani, bibi? Hapa kwenye fomu pana nafasi ya jina."

Akarusha kidogo. Pumba zikamjaa machoni, mchele ukaenda kwa kuku.

Siku ya tatu akaja anaburuta miguu. "Unapepetaje? Nisipoandika leo, bibi, nauchukua ungo." Alisema hayo akitazama chini, hakuwa ndege mbaya.

Bi Somoe alikuwa ameyatafuta maneno tangu jana, asiyapate. Machozi yakamlenga. "Basi njoo." Akampa ungo, akasimama nyuma yake, akamshika mabawa. "Hivi. Si hivyo, we! Hivi." Pumba zikaruka, mchele ukabaki.

"Loo! Kumbe hivi!"

"Ndivyo. Haya, andika."

Korongo akashika kalamu. Neno halikuja. Akabeba ungo kwa huzuni, wakaenda wote kwa mfalme.

"Mkubwa, ukurasa wa huyu bibi ni mtupu. Ila kabla sijapiga muhuri, imebaki fomu moja, yako. Unangurumaje?"

Simba akakuna shingo. "Unavuta pumzi kidogo, halafu..."

"Kidogo ni kiasi gani?"

"Halafu una... Aa! Hivi!" Akanguruma, wino ukamwagika, mawaziri wakaingia chini ya meza.

Korongo akaandika upesi: *Hivi.* Akafunua ukurasa wa Bi Somoe, akaandika: *Hivi.* Akapiga mihuri miwili, akamrudishia bibi ungo wake.

Mpaka leo, ukimuuliza mtu anapepetaje, atakujibu "hivi", naye yuko ndani ya sheria.

Hadithi yangu imeishia hapo. Mchele wenu, pumba wapeni kuku.