Bi Pimbi na Elimu ya Maganda

"Ngano inabisha hodi!"

"Karibu, mlango u wazi!"

"Imekuja na uongo wake!"

"Waingie wote wawili!"

Itikieni kwa nguvu, wanangu. Aliyekuwa akiniitikia kuliko wote Mola amemchukua, na Mola hakosei. Basi nitasimulia polepole. Tena ngano yenyewe ni ya elimu kubwa, nami niliishia darasa la nne. Mkiona nimepotea, endeleeni kusikiliza tu. Huenda tukapotea pamoja.

Hapo kale dunia haikuwa moja. Zilikuwa nyingi, moja ndani ya nyingine, kama maganda ya kitunguu. Na katika kila ganda alikuwamo kila mnyama: Kanga wa hapa na Kanga wa kule, Kiboko wa hapa na Kiboko wa kule. Msiniulize nani alikwenda kutazama. Mwalimu Kiboko alisema, wanyama wakapokea, nami nimepokea hivyo hivyo.

Mwalimu Kiboko alifundisha hivi: "Sababu hukaa ganda hili, tokeo lake hukaa ganda la pili."

Wanyama wakajibu, "Naam, Mwalimu." Hawakuelewa kitu. Lakini nani anataka kuonekana mjinga?

Asubuhi moja Mwalimu akaingia shamba la Kanga. Kwachu, kwachu, kwachu! Akala mtama wote.

Kanga akalia, "Mwalimu, umenimalizia chakula!"

"Nimekula mimi, ameshiba Kiboko wa kule. Nitazame, mwanangu. Njaa inaniua."

"Na shamba langu mbona jeupe?"

"Hilo ni tokeo. Sababu yake iko kule. Kaulize kule."

"Naam, Mwalimu."

Akaingia shamba la Ngiri. Kwachu, kwachu, kwachu! "Nimekula mimi, ameshiba wa kule." Naam, Mwalimu. Akaingia shamba la Swala. Kwachu, kwachu, kwachu! Naam, Mwalimu. Kijiji kikabaki na elimu tupu.

Sasa, juu maweni aliishi Bi Pimbi, mdogo kuliko sufuria yake. Mumewe alikuwa amefariki, na arobaini yake ilikuwa imebakiza siku moja. Kwao, arobaini bila sinia la wali haijawa arobaini. Dua huombwa, wageni hula, ndipo moyo wa mfiwa hutua. Naye Bi Pimbi alibakiwa na mchele kidogo tu, aliouficha pangoni.

Mwalimu akanusa, akapanda mpaka mlangoni.

"Bi Pimbi, kesho nitakuja kumwombea marehemu dua."

"Dua tu, Mwalimu?"

"Dua huteremka vizuri kwa wali, mama."

Akaondoka. Bi Pimbi akainua mikono. "Ee Mola, nguvu hukunipa. Basi nipe neno." Kisha akapika.

Kesho yake wageni wakaketi. Dua ikaombwa, amina ikaitikiwa. Sinia likaletwa, wali unafuka mvuke. Mwalimu akafungua kinywa kama mlango wa ghala.

"Subiri, Mwalimu wangu!" Bi Pimbi akasema.

"Nini tena?"

"Ukila hapa, nani atashiba?"

"Kiboko wa kule. Nifundishe mara ngapi?"

"Na akila yule wa kule?"

"Nitashiba mimi."

"Basi funga kinywa haraka! Kule nako leo ni arobaini. Na Pimbi wa kule ni tajiri, amechinja ng'ombe mzima. Mwenzako sasa hivi yuko mbele ya nyama. Ukimshibisha kwa wali huu mchache, ataiacha nyama yote. Na nyama ile ni shibe yako wewe!"

Kiboko akafikiri. Wali ni mchache. Ng'ombe ni mkubwa. Akafunga kinywa. Kwap!

Wageni wakala. Nyamu, nyamu, nyamu. Tumbo la Mwalimu likalia: nguruuu!

"Sauti gani hiyo?" Kanga akauliza.

"Ni ng'ombe anashuka," Bi Pimbi akajibu. "Nadhani wamefika kwenye mbavu."

Nguruuu!

"Huo sasa ni mchuzi," Ngiri akasema, akilamba vidole.

Sinia likawa tupu. Bi Pimbi akauliza mbele ya wote, "Mwalimu, umeshiba?"

Kiboko akatazama sinia. Akatazama wageni. Akisema hapana, elimu yake ni uongo, na mtama wote wa kijiji ameula yeye. Machozi yakamlengalenga.

"Ni... nimeshiba. Alhamdulillahi."

Hapa, wanangu, mimi nilidhani wanyama watamcheka na elimu itakufa. Wapi! Walisimama wakapiga vigelegele. "Elimu ni kweli! Tumeiona kwa macho yetu!"

"Mwalimu, kesho uje kwangu," Kanga akasema. "Nitakuwekea sinia tupu, kubwa kuliko hili."

"Na keshokutwa kwangu!" Ngiri akadakia. "Ushibe mpaka ukatae!"

Nami ningekuwapo, ningemwalika siku ya Ijumaa.

Tangu hapo Kiboko hutoka mtoni gizani, peke yake, akala nyasi kwa siri, wanafunzi wake wasimwone. Na Bi Pimbi siku ile alijilaza, akapata usingizi, mara ya kwanza tangu msiba.

Ngano yangu imekaa kitako. Utamu wake chukueni nyinyi. Chumvi ikiwa imezidi, niachieni mimi.

Na funzo lake ni hili: msibishane na wakubwa. Mkubwa akisema neno, mwaminini. Mwaminini kabisa, mwaminini mpaka alie.