Mchi Mbele ya Kadhi

Haya jamani, masikio mmeyaleta? Basi Mwanatumu aliolewa na zimwi. Kila wali ulipopoa, alipigwa mchi. Mara mbili alikwenda kwa kadhi kudai talaka, mara mbili zimwi likaapa, "Kaanguka mwenyewe, shekhe!" Kadhi akataka shahidi, hakuna.

Mara ya tatu Mwanatumu akaja na mchi begani, maana ndio pekee uliokuwapo alipopigwa. Zimwi likacheka mpaka meno yakagongana. "Haya, mchi, sema basi!"

Mchi ukakohoa. "Shekhe, nilichongwa nitwange mpunga. Tangu lini mgongo wa bibi huyu ukawa kinu?"

Kadhi akavunja ndoa pale pale, kwa ukatili wa mume.

"Sasa nani atanipikia?" zimwi likalia.

"Kimbia kwanza," mchi ukaruka, "utakula baadaye!"

Linakimbia mpaka leo. Hadithi nimeitwanga, pepeteni wenyewe.