Kitabu Kilichosomwa Kurudi Nyuma

Kitu cha kwanza nilichokiona kubadilika ni mikono ya Bibi Somoe. Bibi husuka ukili wa mikeka huku akizungumza, huku akicheka, hata akisinzia, na majani ya miyaa hayamkatikii. Mchana ule binamu yangu Rukia alikuwa akilalamika kwamba, laiti angeweza kurudi wiki moja nyuma, asingemjibu mchumba wake vile. Bibi akasema, "Jana ina mwenyewe," na vidole vyake vikasimama.

Rukia akamtania kwamba hizo ni methali anazojitungia uani. Bibi akasema hakuitunga yeye. Akatusimulia kwamba ilianza hivi.

Zamani mji wetu ulikuwa na mafundi wa kunakili vitabu kwa mkono, na aliyewapita wote ni Fundi Shekue. Walikuwa na desturi moja: fundi hasemeshwi kalamu ikiwa katikati ya mstari, maana akiinua macho huruka maneno. Anayemtaka husimama mlangoni akangoja.

Shekue alikuwa na binti mmoja, Mwanatumu, wa miaka saba. Asubuhi moja mtoto huyo alisimama mlangoni. Baba yake akamwinulia kidole: ngoja. Mstari ukaisha, akaingia wa pili bila kukumbuka. Mara akahisi kitu begani, akakipangusa kama mtu aliyetuliwa na nzi, akaendelea kuandika. Alipoinua macho, mlango ulikuwa mtupu. Jioni homa ikamshika mtoto, hakuzungumza tena, na alfajiri akafariki. Shekue hakujua alikuja kumwambia nini. Mwaka mzima swali hilo lilikaa naye kwenye sinia, lilimlia chakula.

Ndipo mgeni akamletea kitabu cha kale, kimelegea, amshonee jalada tu, asikinakili. Katika vitabu vya siku zile, chini ya kila ukurasa huandikwa neno linaloanza ukurasa unaofuata, ili karatasi zikitawanyika zijuane. Shekue alipozipanga aliona ajabu. Maneno ya chini yote yalielekeza nyuma, kwenye ukurasa uliokwisha pita. Na ukurasa wa mwisho ulisema kwamba atakayekisoma kwa kuyafuata maneno hayo, na siku moja imo moyoni mwake, ataifikia siku hiyo.

Shekue akatia kibindoni kisu chake cha kukwangulia. Fundi akikosea hukwangua wino akaandika upya, naye alidhani siku nayo hukwanguliwa. Akaanza kusoma.

Kila ukurasa aliougeuza, jua la dirishani lilirudi nyuma sakafuni. Wino ulibanduka kwenye karatasi ukarejea kidauni, kwenye kichupa chake. Mvua iliyokwisha nyesha ilipanda kutoka uani, tone kwa tone, kimya kabisa. Alipofika ukurasa wa kwanza alikuwa amesimama mlangoni pake, asubuhi ile ile, na Mwanatumu yuko ubavuni pake, anapumua.

Ndani, juu ya mkeka, mtu ameinama anaandika. Ni yeye mwenyewe.

Mtoto alikuwa akinong'ona, anajizoeza. "Baba, nimeandika jina lako. Baba, tazama, nimeandika jina lako." Kiganja chake kilikuwa wazi, na juu yake, kwa wino usiokauka, lilikuwapo jina: Shekue.

"Sema, mwanangu," alisema Shekue. "Nakusikiliza."

Mtoto hakumsikia. Macho yake yalikuwa kwa yule wa mkekani. Shekue akamwendea yule, akamtikisa bega. "Inuka, bwana. Mwanao yuko mlangoni."

Yule akapangusa bega kama mtu aliyetuliwa na nzi, akaendelea kuandika.

Hapo Shekue akachomoa kisu chake kibindoni. Kisu kilikuwa mkononi, wala hapakuwa na pa kukwangua. Mtoto alifumba kiganja taratibu, asichafue mlango, akaondoka.

Shekue alijikuta ameketi, kitabu kimefungwa mapajani. Mgeni alipokuja kukichukua alimwuliza kama alinakili. Akajibu kwamba hakunakili hata herufi moja. Mgeni akamtazama sana, akajua kwamba amekisoma.

"Basi ulipofika, kwa nini hukukaa?"

"Nafasi yangu ilikuwa na mtu," alisema Shekue. "Jana ina mwenyewe."

Tangu hapo vitabu vyake vilikuwa na madoa na mistari iliyokatika. Mkewe akisimama mlangoni, au jirani aliyekuja kuomba chumvi, kalamu iliwekwa chini hata kama neno liko nusu. "Sema, nakusikiliza." Mafundi wenzake walipomcheka kwamba amezeeka anaharibu kazi, aliwajibu kwa maneno yale yale aliyompa mgeni, mpaka mji mzima ukayashika.

"Jana ina mwenyewe," akasema Bibi.

Rukia aliinuka. Alivaa buibui lake akatoka, na njia aliyoshika ilikuwa ya kwa mchumba wake.

Nikabaki mimi. Nilidhani Bibi atarudi kusuka, lakini aliuweka ukili chini, akanigeukia. "Nawe, mjukuu wangu?"

Nyumbani wote wanajua kwamba niliacha shule darasa la tano kwa sababu ya macho. Nilitazama mikono yake iliyotulia.

"Macho yangu hayakuwa na kitu, Bibi," nikasema. "Niliona haya kusoma mbele ya watu. Na bado nataka kusoma."