Makombamoyo ya Mfalme Simba

Hapo zamani za kale, wanyama walipokuwa wakijenga nyumba, wakipika na kugombania kivuli cha baraza kama sisi, upepo mkali ulipita kwa Mfalme Simba. Vuuu! Ukaling'oa paa lote la nyumba yake na kulibwaga bondeni, puu! Kuta zikabaki zimesimama, lakini ukiwa ndani ukitazama juu unaona mawingu ya masika, meusi tititi.

Simba akamwita Mhanga, fundi wa nyumba kutoka ng'ambo ya mto. Mhanga alikuwa fundi hodari, ila maneno yake yalikuwa machache, maana mdomo wake daima ulijaa mchwa. Akaizunguka nyumba, akagonga kuta, ko! ko! ko! Akatafuna, akameza.

"Kuta nzima," akasema. "Nitafutie mtambaapanya mmoja, mnene, mrefu. Na makombamoyo ya kutosha, magumu. Jioni nikirudi nikute tayari."

"Hayo tu?" Simba akanguruma.

"Hayo tu." Huyoo, akaenda zake.

Sasa, watoto wangu, Simba hakujua mtambaapanya ni nini. Na makombamoyo ndiyo kabisa, hakuwahi kuyasikia tangu azaliwe. Lakini mfalme mzima aulize? Thubutu! Akakunja uso kama anayejua, akawaita watumishi wake, Fisi na Kifaru.

"Nileteeni mtambaapanya na makombamoyo!"

"Mtambaapanya ndiyo kitu gani, Mfalme?" Fisi akauliza.

"Unaniuliza mimi? Jina lenyewe halijisemi?"

Fisi akajikuna kisogo. "Mtambaa... panya. Alaa! Panya anayetambaa!"

"Ndiyo hasa!" Simba akashusha pumzi. "Panya anayetambaa."

"Na makombamoyo?"

Kifaru akafikiri polepole, kama desturi yake. "Sufuria ya uji ikibaki na ukoko, si unaukomba? Basi hapo ni kukomba moyo."

"Moyo wa nani?"

"Wa huyo panya, wa nani tena? Fundi ataupachika kwenye paa. Mafundi wana mambo yao."

Na chini ya ghala la mfalme aliishi panya mjane, Bi Siwema, na watoto wake ambao macho yao yalikuwa hayajafumbuka. Alikuwa akiwanyonyesha, mara ubao ukafunuliwa, kwaa! Likaingia pua la Fisi.

"Bi Siwema, hebu tambaa kidogo nikuone."

"Nitambae? Kulikoni, Bwana Fisi?"

"We tambaa tu."

Bi Siwema akatambaa.

"Ndiye!" Fisi akamdaka mkia, mbio hadi kwa mfalme. Huko Kifaru alikuwa amesimama tayari, upawa mkononi.

Bi Siwema alipoambiwa kazi ya ule upawa, aliuona unamzidi ukubwa yeye mzima. Akawawaza wanawe kule chini ya ghala, wanavyomtafuta kwa vipua vyao. Moyo ukamdunda, du, du, du.

"Mfalme," akasema, "kufa nitakufa. Lakini nambie kwanza, fundi alisemaje? Maneno yake hasa."

Simba akayarudia. Bi Siwema naye hakuyajua maneno hayo; mambo yake yalikuwa mtama, si ujenzi. Lakini aliwatazama machoni mmoja mmoja. Fisi akatazama pembeni. Kifaru akauchunguza upawa. Mfalme akakohoa.

"Kumbe na hawa hawajui!" Bi Siwema akajisemea, na pumzi ikamrudia.

"Sawa," akasema. "Kama ni mtambaapanya, panya ni mimi. Lakini fundi kataka makombamoyo ya kutosha, tena magumu. Mimi nina moyo mmoja, mdogo kama punje ya mtama, laini kama ute wa yai. Hauzibi hata tundu la sindano. Sasa mioyo migumu, humu nyumbani, anayo nani?"

Wakatazamana vifuani. Nzi akapita, zzzz.

"Fisi!" Kifaru akapayuka. "Juzi kamnyima jirani yake kijinga cha moto, na moto haupungui!"

"Mimi?" Fisi akaruka. "Na wewe uliyemkanyaga Kobe, ukaenda zako bila hata kumpa pole?"

"Sikumwona! Mimi moyo wangu maji matupu! Vitunguu vikikatwa, nalia!"

"Na zile nyimbo za sifa," Bi Siwema akasema taratibu, "si husema Simba wetu ana moyo wa jiwe?"

Simba, aliyezipenda sana nyimbo hizo, akarudi nyuma na kujiziba kifua kwa makucha yote. "Ni nyimbo tu! Waimbaji hutia chumvi!"

"Basi msihangaike," akasema Bi Siwema. "Moyo hauonekani, fundi atatazama matendo. Atakayemkuta mpole atamwacha. Na kuhusu mtambaapanya, kataka mnene, mrefu. Hebu nitazameni."

Wakamtazama. Alikuwa sawa na kidole cha Kifaru.

"Ng'ambo ya mto wako binamu zangu, panya buku, wanene, warefu. Ningekwenda kumwita mmoja. Ila siwezi kuwaacha watoto wangu, na mto una maji mengi."

"Nitakubeba!" Kifaru akautupa upawa. "Wewe na watoto! Mwenye moyo mgumu hawezi kufanya hivyo, au siyo?"

"Na mtama wa njiani!" Fisi akasema, huku akikokota gunia kutoka ghalani. "Ukionana na fundi, mwambie ni mimi niliyekupa!"

Simba mwenyewe akawatoa watoto chini ya ghala na kuwafunika kwa kitambaa chake cha kilemba, taratibu, asije akawaamsha.

Chubwi, chubwi, chubwi, Kifaru akauvuka mto, panya mgongoni, gunia kwenye pembe. Akawatua kichakani, akatoka mbio kurudi, akatafute mtu mwingine wa kumtendea wema kabla ya jioni.

Bi Siwema alikuwa bado anapangusa maji miguuni alipomwona Mhanga, ametumbukiza pua kwenye kichuguu.

"Hujambo, Fundi. Samahani nikuulize. Mtambaapanya ni nini?"

Mhanga akachomoa pua. "Wewe ndiye wa kwanza leo kuniuliza. Ni boriti linalolazwa juu ya ukuta. Panya hupenda kupita hapo, ndipo likaitwa hivyo. Na makombamoyo ni miti inayoegemezwa juu yake, ikashika nyasi za paa."

"Miti tu?"

"Miti tu."

Bi Siwema akacheka, kwi kwi kwi, akaanguka chali, miguu juu.

"Unacheka nini?"

"Wewe nenda, Fundi. Nenda kawaone."

Mhanga akaenda. Kwa mbali akamwona Fisi anapita nyumba hata nyumba na kijinga kinachofuka moshi: "Moto jamani! Nani hana moto?" Kifaru alikuwa amempakata Kobe, anampa pole, na Kobe anaomba ashushwe. Mfalme Simba alikuwa amechuchumaa uani, anaosha vyungu.

"Miti yangu iko wapi?" akauliza Mhanga.

"Miti gani?" wakasema wote kwa pamoja.

"Si nimesema mtambaapanya na makombamoyo? Hamkwenda msituni?"

Akawaeleza. Tii, tone moja likaangukia pua ya mfalme. Tii, la pili. Kisha chwaaa! Mvua yote ikamiminika ndani ya nyumba, kitandani, jikoni, ghalani.

"PANYA YUKO WAPI?" Simba akanguruma.

Kifaru akainamisha kichwa. "Nimemvusha mwenyewe, Mfalme. Na watoto walipoanza kulia, nikawaimbia."

Yangu yameishia hapo, watoto wangu, na la kushika ni hili: neno usilolijua, liulize lingali mdomoni mwa aliyelisema.